Siku saba za lori moja la mahindi: kutoka mizani hadi behewa la ethanoli, Iowa

Mzigo tunaoufuata ni tani 25 za mahindi ya njano, sawa na busheli 985 hivi kwa kipimo cha Iowa, jimbo la Marekani, ambako busheli moja ya mahindi ni kilo 25.4. Kiwanda ni cha kusaga kukavu: punje husagwa nzima, bila kulowekwa na kutenganishwa kwanza. Uwezo wake ni lita milioni 380 za ethanoli, yaani pombe ya kuendeshea magari, kwa mwaka, ukubwa wa kawaida kwa jimbo hilo, na malori zaidi ya 100 hupita mizani yake kila siku.

Pembeni tumeweka daftari la pili, la nishati, linalohesabu megajuli (MJ) kwa kila lita ya ethanoli. Lita moja ikiungua hutoa MJ 21.2. Chochote kinacholiwa njiani kinakatwa hapo.

Kabla ya siku ya kwanza: shambani

Daftari la nishati haliwezi kuanzia getini. Hekta nzuri ya Iowa hutoa tani 12.5 za mahindi, ambazo kiwandani huwa lita 5,200 hivi za ethanoli. Ili izae hivyo hupewa kama kilo 150 za naitrojeni, na naitrojeni hiyo hutengenezwa kwa gesi asilia: kilo moja hula karibu MJ 50. Ukigawanya, mbolea hiyo peke yake ni MJ 1.4 kwa lita. Dizeli ya matrekta, ambayo ndiyo kila mtu huitazama kwanza kwa kuwa ina moshi na kelele, ni ndogo sana mbele ya mbolea.

Kisha kuna kukausha. Mahindi yaliyovunwa yakiwa na unyevu wa asilimia 20 na kushushwa hadi 15 hula karibu lita 0.38 za gesi ya propani kwa busheli, yaani MJ 0.9 kwa lita ya ethanoli. Septemba na Oktoba zikiwa kavu, mkulima huyaacha yakaukie kwenye mabua na gharama hiyo karibu yote hutoweka. Mvua ikishika wakati wa mavuno, hulipwa yote. Kwa mwaka wa wastani tunaandika MJ 2.8 kwa shamba zima na 0.4 kwa usafiri hadi kiwandani.

Siku ya 1, Jumatatu: mizani na bambo

Lori linapanda mizani likiwa limejaa, na kabla halijamwaga, bambo la mashine linashuka kwenye mahindi sehemu kadhaa na kunyonya sampuli toka juu hadi chini. Sampuli ya juu tupu haifai. Chenga na vumbi hujikusanya katikati, mahali mahindi yalipomwagikia wakati wa kupakia.

Maabara ya getini huchukua dakika chache. Unyevu kwanza: juu ya asilimia 15 hivi bei hukatwa, kwa kuwa kiwanda hakikubali kununua maji kwa bei ya wanga. Halafu uzito wa ujazo, ambao kwa daraja la pili la Marekani usipungue pauni 54 kwa busheli ya ujazo. Chenga na takataka zisizidi asilimia 3, na punje zilizoharibika asilimia 5.

Mwisho ni sumukuvu. Taa ya urujuani huonyesha mng'ao wa kijani-njano kwenye punje zilizovunjwa, lakini mng'ao ni dokezo tu. Kipimo cha ukanda ndicho kinachotoa namba. Wengi hushangaa kwa nini kiwanda cha mafuta kihangaike na sumukuvu wakati haipandi na mvuke wa pombe. Sababu iko kwenye masalio. Wanga ukishatoka, kinachobaki ni kama theluthi moja ya uzito, na sumu yote imebaki humo, mara tatu ya ilivyokuwa. Mahindi yenye sehemu 10 kwa bilioni huzaa machicha yenye 30, na kikomo cha chakula cha ng'ombe wa maziwa ni 20.

Mahindi haya, kwa anayeyawazia sufuriani, si ya ugali. Ni ya njano, yenye kibonyo juu ya punje, na yamepandwa kwa ajili ya wanga wake: asilimia 72 hivi ya uzito mkavu. Yanapita kwenye chekeche na sumaku kabla ya ghala. Sumaku si ya mapambo. Msumari mmoja ukigonga nyundo za kinu hutoa cheche, na vumbi la nafaka hewani hulipuka.

Siku ya 2, Jumanne: kinu, uji, na somo la togwa

Kinu cha nyundo husaga punje hadi zipite kwenye chujio lenye matundu ya milimita 2.5 hadi 3. Hapa ndipo pesa nyingi hupotea kimyakimya. Unga ukiwa wa chenga kubwa, kiini cha punje hakifikiwi na wanga hutoka na machicha. Ukiwa laini mno, hufanya madonge kwenye maji, na siku nne baadaye chembe zake hukataa kutengana na maji kwenye sentrifuji, mashine inayotenganisha kwa kuzungusha kwa kasi, hivyo kikaushio hupewa kazi ya ziada. Nyundo zikiisha ncha, unga hubadilika taratibu bila mtu kugundua, ndiyo maana sampuli hupitishwa kwenye vichekeche kila zamu.

Unga huingia kwenye tangi la uji pamoja na maji ya moto. Theluthi hadi nusu ya maji hayo ni maji ya machicha yaliyorudishwa, jambo linalookoa maji na joto. Lakini yana chumvi, asidi na gliserini, na ukiyarudisha kupita kiasi hamira ndiyo inayoumia. Uji hushikiliwa kwenye yabisi ya asilimia 32 hadi 36, pH 5.2 hadi 5.8, na nyuzi joto 82 hadi 87 za Selsiasi.

Mtu yeyote aliyepika togwa anajua kinachofuata. Uji mzito ukitiwa kimea hulegea na kuwa mwepesi, na baadaye mtamu. Kiwandani kazi ya kimea hufanywa na kimeng'enya kiitwacho alfa-amilasi, kilichotokana na bakteria wanaovumilia joto, kwa dozi ya gramu mia chache kwa tani ya mahindi. Kuna hata aina ya mahindi, Enogen, iliyoruhusiwa Marekani mwaka 2011, ambayo punje zake zimebeba kimeng'enya hicho ndani yake. Wanga wa mahindi huvimba na kufunguka kati ya nyuzi 62 na 72. Chini ya hapo kimeng'enya hakipati pa kuuma.

Viwanda vingi hupitisha uji kwenye jeti ya mvuke, nyuzi 105 hadi 120 kwa dakika chache, ili kufungua wanga uliojificha na kuua vijidudu, kisha hurudi nyuzi 80 na kitu kwa saa mbili na dozi ya pili ya kimeng'enya. Kipimo cha haraka ni tone la ayodini: likigeuka bluu-nyeusi, wanga bado mzima, likibaki na rangi ya kahawia nyekundu, umekatika. Pampu ikianza kulemewa na ampea zikipanda, usikimbilie kuongeza maji. Tazama kwanza kama pampu ya kimeng'enya inasukuma, kwani maji utakayomwaga leo utayalipia gesi Ijumaa.

Jioni uji umepozwa hadi nyuzi 32 na kuingia tangi la kuchachushia la lita milioni 3. Mzigo wa lori letu ni sehemu moja kati ya 40 na kitu ya tangi hilo.

Siku ya 3 na ya 4: hamira

Hamira ni ileile ya mkate, *Saccharomyces cerevisiae*, iliyokuzwa kwanza kwenye tangi dogo lenye hewa kwa muda wa saa 8 hadi 12. Tangi kubwa likianza kujaa tu, hamira huingizwa pamoja na urea, kama kilo 1 kwa tani ya uji au pungufu, kwa ajili ya naitrojeni. Pia huingizwa kimeng'enya cha pili, glukoamilasi. Hiki hukatakata vipande vya wanga kuwa sukari polepole, huku hamira ikiila sukari hiyo papo hapo. Wapikaji wa zamani walikuwa wakimaliza kutengeneza sukari yote kwanza, na hamira ilizama kwenye utamu uliozidi uwezo wake.

Kinachoendelea humo kwa mizani: kilo 1 ya wanga, ikinywa maji kidogo, huwa kilo 1.11 za glukosi, na hiyo huwa kilo 0.57 za ethanoli na 0.54 za hewa ukaa. Karibu nusu kwa nusu. Lori letu litatoa tani 8.2 za ethanoli, ambazo ni lita 10,400, na tani 7.8 za hewa ukaa.

Kazi kubwa ya siku hizi mbili ni kuondoa joto. Hamira inayofanya kazi hupasha tangi lenyewe, na uji huzungushwa bila kukoma kwenye vibadilisha joto vya nje. Julai na Agosti, maji ya mnara wa kupozea yakiwa na joto, hapa ndipo kiwanda hupunguza mwendo. Nyuzi 35 zinavumilika asubuhi ya kwanza. Zikifika wakati pombe imeshapita asilimia 12, hamira hufa.

Kila baada ya saa chache sampuli hupelekwa kwenye mashine ya kromatografia, inayopima kila sukari, pombe na asidi peke yake. Ukisoma karatasi yake vizuri, magonjwa mawili yanayofanana kwa nje hutengana. Glukosi ikibaki juu na pombe imesimama, hamira imekufa au imechoka: angalia joto na asidi. Glukosi ikiwa chini lakini minyororo mirefu ya sukari imebaki juu, hamira ni nzima na ina njaa: glukoamilasi haikuingia, au pH iko nje ya mahali pake. Wa kwanza huokolewa kwa hamira mpya, kwa shida. Wa pili huokolewa kwa kimeng'enya na kusubiri, kwa hiyo kumwaga hamira kwenye ugonjwa wa pili ni kupoteza hamira.

Adui wa tatu ni bakteria wa maziwa mgando, laktobasili, ambao hula sukari hiyohiyo na kuacha asidi ya laktiki. Ikikaribia asilimia 0.5 hamira huanza kulegea. Maficho yao hayako tangini bali kwenye mabomba: vali isiyosafishika, kipande cha bomba kisicho na mwendo, sahani za kibadilisha joto zilizoshika ukoko. Dawa ya kwanza ni kusafisha kwa kostiki soda ya moto kila tangi linapotoka. Antibiotiki kama vajiniamaisini, au asidi za hopsi, huja baada ya hapo, na kiwanda kinachozitegemea kila wiki kina bomba chafu ambalo hakijalitafuta.

Hewa ukaa hupita kwenye mnara wa maji unaorudisha pombe iliyopeperuka. Sehemu yake husafishwa kwa ajili ya soda na barafu kavu. Decatur, Illinois, mradi ulioanza 2011 ulizika karibu tani milioni 1 kwenye mwamba wa mchanga wa Mount Simon. Kwa wafanyakazi, gesi hii ni nzito kuliko hewa, haina harufu ya kuonya, na hulala kwenye mashimo na matangi matupu. Haiingiwi pahali hapo bila kipimo cha hewa na mtu wa nje.

Siku ya 5, Ijumaa: kukeneka

Baada ya saa 60 hivi glukosi iko chini ya asilimia 0.2 na pombe karibu asilimia 15 kwa ujazo. Maana yake, kwa kila lita ya ethanoli kuna karibu lita 6 za maji na machicha za kuisindikiza. Kuanzia hapa kiwanda hakina kazi nyingine ila kupambana na maji.

Mnara wa kwanza huchukua uji wote, machicha na vyote. Mvuke hupanda toka chini, uji hushuka toka juu sahani kwa sahani, na pombe huondoka na mvuke. Kinachotoka chini kisibaki na zaidi ya asilimia 0.1 ya pombe. Viwanda vingi hukeneka kwa shinikizo la chini ili joto lipungue, maana protini ikipashwa mno hushika kwenye sahani kama ukoko wa wali, na mnara huziba. Dalili ya kwanza ni tofauti ya shinikizo kati ya chini na juu inayopanda siku hadi siku. Ukiipuuza, uji huruka juu na kuchafua mnara wa pili.

Mnara wa pili hufikisha asilimia 95 kwa ujazo. Hapo ukuta umefika: kwenye nyuzi 78.2, ethanoli ya asilimia 95.6 kwa uzito na maji yake huchemka kama kitu kimoja, na hakuna urefu wa mnara utakaozitenganisha kwa shinikizo la kawaida. Zamani ukuta huo ulivukwa kwa kuongeza benzeni, kemikali inayosababisha saratani. Sasa mvuke hupitishwa kwenye shanga za zeolaiti, madini yenye vitundu vya angstromu 3 (angstromu moja ni sehemu moja kati ya milioni kumi ya milimita). Molekuli ya maji, kama 2.8, huingia, ya ethanoli, kama 4.4, hupita nje. Matangi ya shanga hupokezana: moja likikausha, jingine hunyonywa kwa vakyumu na kusafishwa kwa kiasi kidogo cha mvuke mkavu wa ethanoli. Adui wa shanga ni matone. Mvuke ukija na maji yaliyokwisha kuwa kimiminika, au shinikizo likiachiwa ghafla, shanga husagika kuwa vumbi na vumbi huziba vali.

Joto la mvuke unaotoka huku halitupwi. Hutumwa kuchemsha vivukishi vya maji ya machicha. Viwanda vya miaka ya 1980 vililiacha liende na mnara wa kupozea, na hapo ndipo sehemu kubwa ya sifa mbaya ya ethanoli ya mahindi ilipotoka.

Siku ya 6, Jumamosi: machicha

Masalio ya mnara huingia sentrifuji. Yabisi hutoka kama keki mbichi, asilimia 35 yabisi na iliyobaki maji. Maji membamba huvukizwa hadi yawe shira, na njiani sentrifuji nyingine huchuja mafuta ya mahindi: kutoka lori letu, kama kilo 350, ambazo huenda kutengeneza dizeli. Shira humwagiwa juu ya keki.

Sasa uamuzi. Keki mbichi inaweza kuuzwa vilevile, ikiliwa na ng'ombe ndani ya siku tatu hadi tano wakati wa joto kabla haijashika ukungu. Au ikaushwe hadi unyevu wa asilimia 11, ikae miezi na isafiri bahari. Kukausha huondoa karibu kilo 1 ya maji kwa kila lita ya ethanoli, na kilo 1 ya maji kwa fizikia tupu hula MJ 2.26, bila kuhesabu upotevu. Theluthi moja au zaidi ya gesi yote ya kiwanda huishia kwenye vikaushio. Kikaushio kikizidi moto, machicha huwa ya kahawia iliyoiva na kunukia kama kahawa, harufu nzuri yenye habari mbaya: amino asidi ya laisini imeungua na nguruwe hatanufaika nayo.

Lori letu likikaushwa lote hutoa tani 6.9, zenye protini asilimia 27 hadi 30.

Siku ya 7, Jumapili: behewa na hesabu

Ethanoli iliyo chini ya asilimia 1 ya maji hutiwa asilimia 2 hadi 2.5 ya petroli nyepesi ili isinyweke na isitozwe kodi ya pombe. Huongezwa pia dawa ya kuzuia kutu. Behewa moja la tangi hubeba kama lita 110,000, hivyo lori letu halikujaza hata sehemu ya kumi. Reli hutumika kuliko bomba kwa sababu ethanoli huvuta maji yoyote yaliyolala bombani. Petroli yenye asilimia 10 ya ethanoli ikipata maji karibu asilimia 0.5, pombe huiacha petroli na kuzama na maji chini ya tangi. Moto wa ethanoli, ikiwa safi, hauonekani vizuri mchana, na povu la kawaida la zimamoto huyeyuka juu yake. Linatakiwa povu linalostahimili pombe.

Daftari sasa, kwa lita moja, kwa makadirio ya kiwanda kizuri cha leo kinachokausha machicha yote: shamba 2.8, usafiri wa mahindi 0.4, gesi ya kiwanda 7.0, umeme pamoja na upotevu wa mtambo wa kuuzalisha 1.7, kusafirisha ethanoli 0.4. Jumla MJ 12.3 kwa kupata 21.2. Kila 1 iliyoingia imerudi 1.7. Ukiipa machicha sehemu yake, kwa kuwa yanachukua nafasi ya soya na mahindi ya mifugo, kama MJ 3 zinaondoka kwenye deni na uwiano unafika 2.3.

Mwaka 2005 watafiti wawili wa Marekani, Pimentel na Patzek, walihesabu kwamba ethanoli ya mahindi hula nishati asilimia 29 zaidi ya inayotoa. Mwaka 2016 Wizara ya Kilimo ya Marekani ilipata uwiano wa 2.1 hadi 2.3. Wote walijua kujumlisha. Wale wa 2005 walikuwa na mavuno madogo zaidi na viwanda vya kizamani, waliweka chuma cha mashine kwenye hesabu, na hawakuyapa machicha thamani kubwa. Kinachosahauliwa na pande zote mbili ni aina ya nishati: karibu yote iliyoingia ni gesi asilia na umeme, mafuta ya petroli ni kidogo. Kwa hiyo kiwanda hiki ni mtambo wa kugeuza gesi na jua kuwa kimiminika cha gari, tena kimiminika chenye theluthi mbili tu ya nishati ya petroli kwa lita. Gari linalotumia mchanganyiko wa asilimia 10 hupoteza kama asilimia 3 ya kilomita zake. Ardhi na gesi ya naitrasi oksidi inayopanda kutoka shamba lenye mbolea havimo kwenye hesabu ya MJ kabisa, na hapo ubishi wa hali ya hewa ni mwingine.

Mstari mmoja tu wa daftari unaweza kubadilishwa na meneja kesho asubuhi bila kununua mashine. Akiuza keki mbichi, MJ 2.5 hivi zinafutika, deni linashuka hadi 9.8, na uwiano unavuka 2 bila kuyapa machicha thamani yoyote. Anachohitaji ni ng'ombe wengi karibu, kama walivyo kwenye mazizi ya kunenepeshea ya Nebraska. Asipokuwa nao huwasha kikaushio, na machicha yanapanda treni kuelekea Meksiko, mnunuzi wao mkubwa wa nje.